Kesi Isiyo na Mwenyewe: Shauri la Madai Linapofutwa kwa Kutofika Mahakamani

Mazungumzo ya leo yanahusu jambo linalotokea mara kwa mara katika mahakama za Tanzania Bara, nalo ni kufutwa kwa shauri la madai kwa sababu mhusika hakufika siku shauri lilipoitwa. Shauri la madai ni lile ambalo mtu humfungulia mwenzake akitafuta haki yake, iwe ni deni, fidia, kiwanja au kutimizwa kwa mkataba, na hutofautiana na shauri la jinai ambamo Jamhuri ndiyo inayoshitaki na mshitakiwa akipatikana na hatia huadhibiwa. Katika shauri la madai, aliyelifungua huitwa mdai, naye anayejibu huitwa mdaiwa, na majina haya mawili yatarudiwa sana leo.

Swali la kuanzia ni hili: je, mtu mwenye haki kamili, mwenye mkataba uliotiwa saini, mwenye risiti na mashahidi wa kutosha, anaweza kuipoteza haki hiyo bila hakimu kupima hata ushahidi mmoja? Jibu ni kwamba anaweza, na wengi wameipoteza hivyo. Shauri linapofutwa kwa kutofika, mahakama haisemi kwamba mdai ni mwongo wala kwamba mdaiwa hadaiwi. Inachosema ni kwamba mwenye shauri hakuonekana kulisimamia. Hata hivyo, amri hiyo ambayo haikugusa ukweli wa madai inaweza kuyazika madai hayo sawasawa na hukumu iliyotolewa baada ya mashahidi wote kusikilizwa. Hilo ndilo jambo ambalo watu wengi hulisikia kwa mara ya kwanza wakiwa mbele ya dirisha la masjala, wakati muda wa kurekebisha mambo umeshaanza kwenda.

Kanuni zenyewe zimo katika Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33 ya sheria za Tanzania, iliyotungwa mwaka 1966, na hasa katika Amri ya Tisa, yaani fungu la kanuni lililomo kwenye jedwali la sheria hiyo linaloeleza kufika na kutofika kwa wadaawa, jina linalotumika kwa pande zote mbili za shauri. Sheria hiyo ilichukua nafasi ya sheria ya India ya mwaka 1908 ambayo Waingereza waliitumia Tanganyika, na kwa sehemu kubwa ilirithi mpangilio wake, kiasi kwamba wakili wa Mumbai akiifungua Amri ya Tisa leo hatajiona mgeni. Marekebisho yamefanywa mara kadhaa, na namba za kanuni zimesogezwa katika matoleo mapya ya sheria, lakini mhimili wake haujabadilika.

Kwa nini sheria iwe kali hivyo? Sababu iko katika tabia ya shauri la madai lenyewe. Hakimu wa madai hatoki kwenda kutafuta ushahidi, hamfuati mdai nyumbani kumkumbusha tarehe, wala hana polisi wa kumletea mashahidi kwa hiari yake mwenyewe; shauri ni mali ya aliyelifungua, naye ndiye anayepaswa kulisukuma hadi mwisho. Upande wa pili yupo mdaiwa ambaye hakuomba kuwapo mahakamani, aliyefunga duka lake, akalipa nauli na pengine akamlipa wakili, kisha akakaa kwenye benchi asubuhi nzima akimsubiri mtu aliyemwita na asiyetokea. Nyuma ya hao wawili wako wenye mashauri mengine wanaongoja nafasi katika daftari la hakimu huyo huyo. Kwa kuwa muda wa mahakama ni wa wote, sheria imeona kwamba anayeuomba na kuuacha hana budi kubeba matokeo yake.

Sasa wasikilizaji na wasikilize kwa makini, kwa sababu hapa ndipo penye kiini cha mazungumzo haya: matokeo ya kutofika hutegemea ni nani hakufika na ni nani alikuwapo. Uchukuliwe mfano wa kubuni wa fundi seremala wa Keko, jijini Dar es Salaam, aliyetengeneza vitanda 20 kwa ajili ya nyumba ya wageni, akalipwa nusu ya fedha, na baada ya kuzungushwa kwa miezi mingi akafungua shauri katika Mahakama ya Wilaya kudai nusu iliyobaki. Fundi huyo ndiye mdai, na mwenye nyumba ya wageni ndiye mdaiwa.

Hali ya kwanza ni pale shauri linapoitwa kwa ajili ya kusikilizwa na hakuna upande wowote uliofika. Hapo mahakama inaweza kulifuta shauri, na neno inaweza linaachia nafasi ya hiari, kwa hiyo hakimu anaweza pia kuahirisha. Iwapo atalifuta, fundi bado ana njia mbili: anaweza kuiomba mahakama iondoe amri ile na kulirudisha shauri, au anaweza kufungua shauri jipya kabisa juu ya deni lile lile. Njia hii ya pili hutegemea ukomo wa muda, yaani kipindi ambacho sheria inakiruhusu kwa kila aina ya madai, na ambacho kikipita mlango hufungwa. Kwa madai yatokanayo na mkataba kipindi hicho ni miaka 6, kwa madhara ambayo hayatokani na mkataba, kama vile kugongwa na gari au kukashifiwa, ni miaka 3, na kwa kurudisha ardhi ni miaka 12. Fundi aliyeahidiwa malipo kwa miaka 5 kabla ya kwenda mahakamani, kisha shauri lake likafutwa baada ya mwaka mmoja na nusu, atakuta kwamba njia ya kufungua upya imekwisha ingawa kwenye karatasi ipo.

Hali ya pili ndiyo ya hatari zaidi. Shauri linaitwa, mdaiwa yupo, mdai hayupo. Hapa sheria haimwachii hakimu nafasi kubwa: isipokuwa pale mdaiwa mwenyewe anapokiri deni au sehemu ya deni, shauri hufutwa. Je, fundi anaweza kufungua shauri jipya kama katika hali ya kwanza? Hawezi. Sheria inamzuia kabisa kufungua shauri jingine juu ya chanzo kile kile cha madai, na njia pekee inayobaki ni kurudi katika mahakama ile ile na kuomba amri ya kufuta iondolewe. Inafaa kurudiwa kwa ajili ya aliyejiunga na kipindi sasa hivi: wote wawili wasipofika, mlango wa kufungua upya unabaki wazi kwa masharti ya ukomo, mdaiwa akifika na mdai asifike, mlango huo unafungwa. Tofauti kati ya matokeo haya mawili haitokani na uzito wa madai ya fundi, ambaye katika hali zote mbili alikuwa na deni lile lile na kosa lile lile la kutofika, bali inatokana na kama mwenye nyumba ya wageni aliamka mapema siku hiyo. Huenda wapo watakaoliona jambo hili kuwa la ajabu, na kwa kweli lina ugeni wake, ingawa mantiki yake ni kwamba mdaiwa aliyefika ana haki ya kuondoka akiwa amemalizana na shauri hilo.

Hali ya tatu ni kinyume cha ya pili: mdai yupo, mdaiwa hayupo. Hapa shauri halifutwi. Mahakama ikiridhika kwamba mdaiwa alipata samansi, yaani hati ya wito wa mahakama, na alikuwa na muda wa kutosha, inaweza kuendelea kusikiliza upande mmoja, na mdai akithibitisha madai yake hukumu hutolewa. Izingatiwe kwamba hata katika usikilizaji wa upande mmoja mdai hapewi ushindi wa bure, kwani bado anapaswa kuleta ushahidi. Mdaiwa aliyehukumiwa hivyo anaweza kuiomba mahakama iondoe hukumu hiyo akionyesha kwamba samansi haikumfikia ipasavyo au kwamba alikuwa na sababu ya kutosha ya kutofika. Samansi hupelekwa kwa mkono pale inapowezekana, na mdaiwa akishindikana kupatikana mahakama huweza kuruhusu ibandikwe mlangoni kwake au itangazwe gazetini, jambo linaloeleza kwa nini mtu aliyehama Tabata kwenda Mbagala bila kuacha anwani anaweza kujikuta ana hukumu dhidi yake pasipo kuijua, hadi siku dalali wa mahakama anapokuja kukamata mali.

Baada ya hayo, lipo swali linaloonekana jepesi lakini limewaponza wengi: kufika mahakamani ni kufanya nini hasa? Sheria inatambua kwamba mdaawa anaweza kufika yeye mwenyewe, au kwa wakili wake, au kwa mwakilishi anayetambulika kisheria, kwa mfano mtu mwenye hati ya uwakilishi iliyotolewa kwa utaratibu unaokubalika. Shemeji aliyetumwa kusema kwamba mdai anaumwa si mwakilishi wa namna hiyo. Mahakimu wengi humsikiliza kwa utu na kuahirisha, na ni vyema wafanye hivyo, lakini hawalazimiki, na mdai anayemtuma ndugu mikono mitupu, bila barua wala cheti cha hospitali, anaiweka haki yake katika huruma ya mtu mwingine.

Inafaa kutazama kwa karibu namna jambo hili linavyokuwa siku yenyewe. Orodha ya mashauri hubandikwa ubaoni, watu hukaa kwenye mabenchi ya korido, na karani hutoka mlangoni akaita namba ya shauri na majina ya pande mbili. Ndani, hakimu huandika kwenye jalada tarehe ya siku hiyo, jina lake, na chini yake nani yupo na nani hayupo. Mistari hiyo michache, ambayo huandikwa kwa nusu dakika, ndiyo itakayosomwa baadaye na kila mahakama itakayolishughulikia jambo hilo, hadi Mahakama ya Rufani. Ikiwa imeandikwa kwamba mdai hayupo, maneno yake ya baadaye kwamba alikuwa nje chini ya mwembe, au alikuwa amekwenda kutoa nakala, yatapimwa dhidi ya kumbukumbu hiyo, na kumbukumbu za mahakama huchukuliwa kuwa sahihi mpaka ithibitishwe vinginevyo. Kwa sababu hiyo, anayefika akakuta shauri limeshaitwa asirudi nyumbani kimyakimya kwa aibu. Amwone karani wa hakimu wakati huo huo, aeleze kuwa amefika, aulize amri gani imetolewa, na siku hiyo hiyo, kama inawezekana, aandike barua kwa mahakama ikigongwa muhuri wa kupokelewa. Barua hiyo haitalirudisha shauri, lakini itakuwa ushahidi kwamba alifika na kwamba hakulala.

Lipo pia suala la kutajwa na kusikilizwa. Tarehe ya kutajwa ni ile ambayo shauri huitwa ili kuangalia limefikia wapi, kwa mfano kama majibu ya mdaiwa yamewasilishwa au kama jalada limerudi kutoka mahakama ya juu, na siku hiyo mashahidi hawasikilizwi. Tarehe ya kusikilizwa ni ile ambayo jambo lenyewe linashughulikiwa. Kanuni za Amri ya Tisa zinazungumzia shauri lililoitwa kusikilizwa, na Mahakama Kuu imewahi kueleza kwamba si sahihi kulifuta shauri kwa kutofika katika tarehe iliyopangwa kwa kutajwa tu. Hoja hiyo imewaokoa baadhi ya wadai, lakini msikilizaji asiifanye mto wa kulalia. Asiyefika siku ya kutajwa hajui tarehe mpya iliyopangwa, na asiyejua tarehe mpya ndiye atakayekosekana siku ya kusikilizwa, ambayo kinga hiyo haiifikii.

Aidha, wapo wanaodhani kwamba hatari ya kutofika inahusu siku ya mashahidi peke yake. Sivyo. Mashauri mengi ya madai hupitia usuluhishi, yaani kikao ambacho msuluhishi huwasaidia wadaawa kutafuta mapatano kabla ya ushahidi kusikilizwa, na mdai asiyefika kwenye kikao hicho bila sababu anaweza kufutiwa shauri lake, kama ambavyo mdaiwa asiyefika anaweza kuondolewa utetezi wake. Watu hukidharau kikao hiki kwa kuwa hakina kizimba wala majoho.

Sasa mazungumzo yageukie upande wa tiba. Shauri limefutwa, afanye nini aliyefutiwa? La kwanza ni kutokata rufaa haraka haraka. Wengi hukimbilia rufaa kwa kuwa neno hilo ndilo walilozoea kulisikia, wakatumia miezi mingi, kisha wakaambiwa kwamba walipaswa kurudi kwanza katika mahakama iliyofuta na kuwasilisha maombi ya kulirejesha shauri. Maombi hayo yakikataliwa, ndipo uamuzi wa kukataa unapoweza kukatiwa rufaa. Muda wa kuwasilisha maombi ni siku 30 tangu amri ilipotolewa. Siku hizo 30 huhesabiwa tangu tarehe ya amri, wala hazimsubiri mdai apate habari, na ndiyo maana anayekaa miezi miwili bila kuulizia shauri lake hujikuta anahitaji maombi mawili: moja la kuongezewa muda, na la pili la kulirejesha shauri lenyewe.

Maombi hayo huambatana na hati ya kiapo, yaani maelezo ya ukweli yaliyoandikwa na kuapwa mbele ya mtu mwenye mamlaka ya kuapisha. Kinachotafutwa ni sababu ya kutosha. Sheria haikuorodhesha sababu hizo, na kwa maoni ya mazungumzo haya ilifanya vyema, kwa kuwa maisha hayana orodha. Lakini maamuzi ya miaka mingi yameonyesha mwelekeo. Ugonjwa hukubaliwa pale unapothibitishwa kwa karatasi za hospitali zinazogusa siku husika, wala si kwa cheti cha wiki iliyofuata. Msiba wa mtu wa karibu hukubaliwa. Wakili kuitwa siku hiyo hiyo katika mahakama ya juu zaidi hukubaliwa, ikiwa samansi ya mahakama hiyo imeambatishwa na mahakama ya chini ilijulishwa mapema. Foleni ya barabarani peke yake haina nguvu kwa mkazi wa Dar es Salaam, ambaye foleni kwake si habari mpya.

Kuna kosa moja katika viapo ambalo hurudiwa mno. Mwombaji huapa kwamba karani alimwambia tarehe isiyo sahihi, au kwamba dereva wa basi alishindwa kuendelea na safari, lakini karani huyo au dereva huyo hakuapa kiapo chake. Mahakama zimesema mara nyingi kwamba kiapo kinachomtegemea mtu mwingine aliye muhimu kwa jambo hilo, na mtu huyo asiape, ni maneno ya kusikia tu. Kumpata karani aape dhidi ya ofisi yake si kazi rahisi, na hapa mahakama zingefaa kuwa na jicho la huruma zaidi kuliko ilivyo kawaida, hasa kwa mdaawa asiye na wakili.

Na je, uzembe wa wakili ni sababu? Kwa kawaida si sababu. Mahakama ya Rufani imekuwa na msimamo kwamba mdaawa aliyeweka wakili bado ana wajibu wa kufuatilia shauri lake, na kwamba hawezi kujificha nyuma ya uzembe wa mtu aliyemchagua mwenyewe. Kuhusu kuongezewa muda, mwongozo unaotajwa mara nyingi zaidi ni uamuzi wa Mahakama ya Rufani katika maombi ya Lyamuya Construction ya mwaka 2010, unaomtaka mwombaji aeleze kipindi chote cha ucheleweshaji, aonyeshe kwamba ucheleweshaji haukupita kiasi, na kwamba alikuwa na bidii badala ya uzembe, ingawa mahakama inaweza pia kutazama sababu nyingine nzito, kama vile kuwapo kwa uvunjaji wa sheria katika uamuzi unaolalamikiwa. Kueleza kipindi chote maana yake ni kueleza kila siku, na waombaji wengi wameanguka kwa siku chache tu ambazo viapo vyao vilizinyamazia.

Nchini Kenya suala la kutofika limo katika Amri ya 12 ya Kanuni za Mwenendo wa Madai za mwaka 2010, na mwelekeo wake unafanana sana na wa Tanzania. Huko ndiko ulikotoka pia uamuzi wa mwaka 1967 wa Shah dhidi ya Mbogo, ulioungwa mkono mwaka uliofuata na Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki, na ambao hadi leo mawakili wa pande zote za mpaka huutaja: kwamba hiari ya mahakama ya kuondoa uamuzi uliotolewa mtu asiwepo inakusudiwa kuepusha dhuluma inayotokana na ajali, kusahau au kosa linalosameheka, na haikusudiwi kumsaidia aliyedhamiria kukwepa au kuchelewesha haki. Kigezo hiki kinatazama nia na mwenendo wa mtu, wala hakitazami karatasi peke yake, na kama kingetumika kwa dhati katika kila maombi, malalamiko mengi yangepungua.

Kwa wenye migogoro ya ardhi, ambao bila shaka ni wengi kati ya wanaosikiliza sasa, mabaraza ya ardhi na nyumba ya wilaya yana kanuni zake za mwaka 2003, nazo zinaruhusu maombi kufutwa pale mwombaji aliyejulishwa tarehe asipofika bila sababu ya msingi, na humpa siku 30 za kuomba amri hiyo iondolewe. Katika migogoro ya kazi, anayepeleka lalamiko mbele ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi akakosa kufika kwenye usuluhishi anaweza kufutiwa lalamiko lake. Mahakama za Mwanzo nazo zina kanuni zake. Majina na taratibu hutofautiana, lakini swali la msingi ni lile lile: nani alikuwapo, nani hakuwapo, na kwa nini.

Umebaki sasa mzani wa haki wenyewe. Katiba ya Jamhuri ya Muungano, katika Ibara ya 107A, inaziagiza mahakama zisicheleweshe haki bila sababu ya msingi, na katika ibara hiyo hiyo inaziagiza zitende haki bila kufungwa kupita kiasi na masharti ya kiufundi yanayoweza kukwamisha haki kutendeka. Ibara ya 13 nayo inalinda haki ya mtu kusikilizwa. Anayetetea kufutwa kwa shauri hushika agizo la kwanza, anayeomba lirudishwe hushika la pili, na hakimu amewekwa katikati. Kwa maoni ya mazungumzo haya, mashauri hayafutwi mno kuliko inavyostahili. Kasoro iko mahali pengine, katika namna tarehe zinavyobadilika na habari zake zinavyosafiri. Hakimu akiwa likizo au safarini, karani hupanga tarehe nyingine. Shauri likihamishiwa kwa hakimu mwingine, tarehe hubadilika tena. Jengo likibadilika, kama ilivyotokea kwa mashauri ya ndoa na mirathi yaliyopelekwa katika Kituo Jumuishi cha Temeke jijini Dar es Salaam, watu huendelea kwenda kule walikozoea. Mfumo wa kielektroniki wa mahakama umesaidia sana, hasa kwa mawakili, lakini ujumbe unaotumwa kwa simu hufika tu ikiwa namba iliyoandikwa kwenye jalada bado inatumika na mwenye nayo ndiye anayeishika. Mzee wa Kilosa aliyeandikisha namba ya mjukuu wake, na mjukuu akabadili laini, hajadharau mahakama. Na mahakama inayompima kwa kipimo kile kile cha kampuni yenye idara ya sheria inakuwa imesahau nusu ya agizo la Katiba.

Tangu mwaka 2021, Kiswahili ndicho lugha iliyowekwa na sheria kuwa ya mahakama na mabaraza nchini, isipokuwa pale haki inapohitaji Kiingereza kitumike, na jambo hilo lina maana ya moja kwa moja kwa mada ya leo. Mtu anayepokea samansi kwa lugha anayoielewa hana kisingizio cha kuidhania kuwa karatasi ya kodi, na mahakama inayotaka kumbana kwa kutofika ina nguvu zaidi ya kufanya hivyo. Ni busara samansi hizo zikaeleza waziwazi kama siku iliyotajwa ni ya kutajwa au ya kusikilizwa, na nini kitatokea mhusika asipofika.

Limebaki jambo la gharama, na fundi wa Keko anaweza kulieleza vizuri kuliko kitabu. Shauri lake likifutwa mbele ya mdaiwa, mahakama inaweza kumwamuru amlipe mdaiwa gharama za shauri. Akiwasilisha maombi ndani ya siku 30 na kufaulu kulirejesha, mahakama inaweza kumpa masharti, kwa mfano amlipe mdaiwa gharama za siku iliyopotea kabla ya kusikilizwa tena. Baada ya hapo hupangwa tarehe mpya, naye hurudi kwenye benchi lile lile na risiti zake za mbao, akiwa bado hajathibitisha hata kitanda kimoja.